Vijana wa Kitwe na Soweto Walioipa Atlanta Kombe

Hotuba kwa wazazi na vijana wa jamii ya Waswahili wa Clarkston, Georgia, baada ya fainali ya mashindano ya vijana

Shikamooni wazee wangu. Mama zangu na baba zangu, hamjambo. Na nyinyi vijana mliotoka uwanjani sasa hivi, soksi zingali na udongo, poleni na hongereni, waliobeba kombe na waliolikosa kwa penalti.

Asubuhi, wakati wa nusu fainali, nilikuwa nimesimama pembeni ya uwanja karibu na meza ya sambusa. Akapita kijana mmoja, ana miaka kama kumi na mitatu hivi, amevaa jezi ya dhahabu na nyeusi. Nikaitambua kabla hajageuka: Kaizer Chiefs, klabu ya Soweto. Nikamuuliza kaipata wapi, akasema katumiwa na mjomba wake aliyeko Johannesburg. Nikamwonyesha ile nembo ya kifuani, kichwa cha mtu mwenye manyoya ya ndege, nikamuuliza, "Huyu nani?" Akaivuta jezi kwa vidole viwili ili aione vizuri, akasema, "Chifu." Chifu wa wapi? "Wa Afrika Kusini, kocha."

Jibu lile nimeshinda nalo moyoni hadi saa hii. Nilikuwa nimeandaa mengine ya kusema jioni hii, nimeyaweka kando. Yule chifu wa kifuani hakutoka Afrika Kusini. Alitoka hapa hapa, Atlanta, dakika ishirini kwa gari kutoka ukumbi huu. Alipanda ndege na mtu mmoja, akaenda kukaa Soweto, na leo amerudi Clarkston kwenye kifua cha mtoto wa Kikongo ambaye hakuambiwa na mtu kwamba jezi aliyovaa ni ya mji anaoishi. Kosa si lake. Ni letu sisi wakubwa, tuliokaa mji huu miaka yote hii bila kuwasimulia watoto. Basi leo nataka nisimulie.

Palikuwa na timu Atlanta ikiitwa Chiefs. Ilianza mwaka 1967, na kufika mwisho wa mwaka 1973 ilikuwa imeshazikwa. Misimu saba tu. Ndani ya misimu hiyo iliwafunga mabingwa wa Uingereza mara mbili, ikachukua ubingwa wa Marekani, na ikawafungulia mlango wachezaji kutoka Zambia na Afrika Kusini wakati ambapo klabu nyingi za Ulaya hazikuwa hata na wazo la kutafuta mchezaji huko.

Ilianzaje? Ilianza na uwanja mtupu. Mji ulikuwa umejenga uwanja mkubwa, ukafunguliwa mwaka 1965, na mwaka 1966 timu ya besiboli ya Braves ikahamia humo kutoka Milwaukee. Uwanja wa kukaa watu zaidi ya 50,000, lakini siku ambazo Braves wamesafiri, hakuna kitu. Mwaka huo huo wa 1966 Wamarekani wengi waliona kwenye televisheni fainali ya Kombe la Dunia iliyochezwa Wembley, na matajiri wenye timu za michezo mingine wakaanza kuona kuna biashara ndani ya mpira wa miguu. Makamu wa rais wa Braves, Dick Cecil, akaisimamia kazi ya kuanzisha timu ya Atlanta. Kwa kuwa Braves ni jina linalowataja mashujaa wa wenyeji asilia wa Marekani, timu ya mpira nayo ikapewa jina la kufuatana na hilo, Chiefs, machifu, na ikachorewa kile kichwa cha manyoya.

Hapa nisimame kidogo. Wenyeji wa kwanza wa ardhi hii ya Georgia ni Wacherokee na Wamuscogee. Walifukuzwa katika miaka ya 1820 na 1830, wakaswagwa kwenda magharibi, wakafa njiani kwa maelfu, watoto na vikongwe. Na hata kile kilemba kirefu cha manyoya si vazi lao, ni vazi la watu wa nyanda za mbali kabisa na hapa. Ninyi mliokaa kambini Nyarugusu na Kakuma, mnaojua mtu akifukuzwa kwao anabaki na nini mkononi, mtanielewa kwa nini siwezi kuitaja nembo hiyo nikaipita hivi hivi. Walioondolewa walibaki kuwa picha kwenye jezi ya watu wengine.

Kocha waliyemleta aliitwa Phil Woosnam, mtu wa Wales. Alikuwa amecheza Leyton Orient, West Ham na Aston Villa, na kabla ya hapo alisoma chuo kikuu na kufundisha fizikia shuleni. Mwalimu hasa. Aliletwa kuwa kocha na mchezaji, na kuitafutia timu wachezaji wa kutoka kila pembe. Alichukua watu waliowahi kuichezea Villa: Vic Crowe, Mwelshi mwenzake, na Peter McParland wa Ireland ya Kaskazini, yule aliyefunga mabao mawili kwenye fainali ya Kombe la FA mwaka 1957. Walikuwa watu wazima, wamekula chumvi ya mpira. Kisha akatazama visiwa vya Karibi, akapata vijana wa Jamaika, na kutoka Trinidad akamchukua Everald Cummings, ambaye miaka ishirini baadaye alikuja kuifundisha timu ya taifa lake. Kisha akatazama Afrika.

Mwaka 1967 Wazambia wawili walitua Atlanta: Emment Kapengwe na Howard Mwikuta. Ndio Wazambia wa kwanza kwenda kucheza mpira wa kulipwa ng'ambo. Zambia yenyewe ilikuwa na miaka mitatu tu ya uhuru, bendera bado mpya. Mwaka uliofuata akaja wa tatu, Freddie Mwila, mshambuliaji kutoka Rhokana United ya Kitwe. Wazee wetu wa Lubumbashi mlioko hapa, Kitwe mnaijua. Ni mji wa migodi ya shaba, ng'ambo tu ya mpaka wenu, na mpira wa kule ulilelewa na migodi kama ulivyolelewa kwenu. Na Kapengwe baadhi yenu mlimshangilia afungwe bila kumjua. Alikuwemo kwenye kikosi cha Zambia kwenye Kombe la Mataifa ya Afrika la 1974 kule Misri. Fainali ya kwanza na Zaire 2-2, ikarudiwa, Zaire 2-0, mabao yote manne ya Zaire yakiwa ya Ndaye Mulamba. Naona mzee pale nyuma anatikisa kichwa, anakumbuka. Basi mmoja wa wale Wazambia waliolia siku ile Cairo alikuwa ameshatembea barabara za Atlanta miaka saba kabla.

Na mwaka 1968 akaja kijana wa Soweto, Kaizer Motaung wa Orlando Pirates, klabu ya huko huko Soweto, umri miaka 23.

Mtafakari mwaka huo. Tarehe 4 Aprili 1968 Martin Luther King aliuawa Memphis. Alikuwa mtoto wa Atlanta, na mazishi yake yalifanyika hapa tarehe 9, jeneza likivutwa na nyumbu kwenye mkokoteni wa shamba kutoka kanisani kwao hadi chuo alichosoma. Sheria iliyokataza kumbagua Mweusi hotelini na kwenye mikahawa ilikuwa na miaka minne tu. Kule alikotoka Kaizer, sheria ilikuwa bado inamwambia akae wapi, apande basi lipi, aonyeshe kitambulisho gani akisimamishwa njiani. FIFA ilikuwa imeifungia Afrika Kusini kwa sababu ya ubaguzi huo, kwa hiyo kijana yule hakuwa na timu ya taifa ya kuichezea hata angekuwa na miguu ya dhahabu. Katika mji huo, mwaka huo, timu ya Waingereza, Wawelshi, Wajamaika, Wazambia na Msoweto ilivaa jezi moja, ikakaa chumba kimoja cha kubadilishia nguo, ikapanda ndege moja. Sitaki kuipamba ikawa zaidi ya ilivyokuwa. Ilikuwa timu ya mpira, ya watu waliolipwa kucheza. Lakini naomba vijana muione picha hiyo, Atlanta ya 1968, watu wamekaa jukwaani wanawatazama wale wakikumbatiana baada ya bao.

Wiki saba baada ya mazishi ya King, tarehe 27 Mei, walikuja Manchester City. Hawa si City wa kwenye simu zenu, lakini nao walikuwa si wa mchezo: walikuwa wametoka kutwaa ubingwa wa Uingereza mwezi huo huo, siku kumi na sita kabla. Kocha wao Joe Mercer, msaidizi wake Malcolm Allison. Walikuja Marekani kwa ziara, wakidhani wamekuja kupunga upepo. Zaidi ya watu 20,000 waliingia uwanjani. Kaizer alikuwa bado mgeni kwenye timu. Chiefs 3, City 2.

Allison hakulipokea vizuri. Alisema wale waliowafunga ni watu wa kiwango cha daraja la nne la Uingereza. City wakarudi Juni, wamejiandaa, na wakafungwa tena, 2-1. Mara ya kwanza unaweza kusema ni uchovu wa safari. Mara ya pili umefungwa. Mwezi Agosti Pelé naye akaja na Santos yake, na Santos wakashinda, kama walivyokuwa wakishinda karibu kila mahali walipopita dunia nzima.

Ligi yenyewe ilikuwa na vituko vyake, nikiwaeleza hesabu zake mtashangaa. Ushindi pointi 6, sare pointi 3, na kila bao unalofunga pointi moja zaidi, mpaka mabao matatu. Walitaka watu wasiojua mpira wapende mabao. Mwaka 1967 palikuwa na ligi mbili zinazopigana, moja ina kibali cha FIFA na nyingine haina. Chiefs walikuwa kwenye ile isiyo na kibali. Hiyo yenye kibali ilikodi timu nzima kutoka nje, ikazivisha majina ya miji ya Marekani: Stoke City wakaitwa timu ya Cleveland, Cagliari ya Italia wakaitwa timu ya Chicago. Ile ya Chiefs angalau ilijitafutia wachezaji wake yenyewe, lakini ilikuwa imejifunga kwa televisheni ya CBS, na kuna refa alikiri kwamba kwenye mechi moja faulo nyingi alizopuliza zilikuwa za kuwapa nafasi watu wa matangazo ya biashara. Mchezaji anaangushwa chini akae hapo mpaka tangazo liishe. Nyinyi mnaocheza mnajua mchezo ukikatwa namna hiyo unabaki nini. Mwisho wa mwaka ligi mbili zikaungana, timu zikawa 17.

Msimu wa 1968 Chiefs walicheza mechi 31. Wakashinda 18, sare 6, wakafungwa 7. Kaizer alifunga mabao 16 na akachaguliwa mchezaji bora chipukizi wa ligi. Woosnam akawa kocha bora. Nusu fainali wakawatoa Cleveland, na fainali wakakutana na San Diego Toros, mechi mbili, nyumbani na ugenini. Kule San Diego 0-0. Marudiano yakawa Atlanta, tarehe 28 Septemba 1968.

Sasa tuseme kuhusu uwanja. Ulikuwa uwanja wa besiboli. Aliyewahi kuuona anajua: sehemu moja ni majani, sehemu nyingine ni udongo mtupu wanapokimbilia wachezaji wa besiboli. Mpira unakuja vizuri kwenye majani, ukifika kwenye udongo unabadilika, unaruka au unakimbia, na beki aliyekuwa amejipanga anapitwa. Vijana wangu mnaolalamikia kile kipara cha golini kwetu, mabingwa wa Marekani walichezea kipara kikubwa kuliko hicho. Watu karibu 15,000 walikuwepo jioni ile. Akafunga McParland, yule mzee wa Wembley. Akafunga Delroy Scott, Mjamaika. Akafunga Kaizer Motaung. 3-0. Mtu wa Ireland, mtu wa Jamaika, mtu wa Soweto.

Huo ndio ubingwa wa kwanza wa ligi kubwa ambao mji wa Atlanta uliupata katika mchezo wowote wa kulipwa. Siyo besiboli, siyo mpira wa kikapu, siyo ule mpira wao wa mikono na kofia. Mji ukangoja mpaka mwaka 1995 ndipo Braves wakaleta mwingine. Miaka 27. Na wengi wanaouhesabu ubingwa wa mji huu huanzia hapo kwa Braves. Ndiyo maana nimesimama hapa.

Mngempa mtu timu hiyo leo, mabingwa, angeilinda kama mboni ya jicho. Hawakuilinda. Uwanja wa watu 50,000 ulikuwa ukipata watu elfu tano, elfu sita kwa mechi. Kwetu elfu sita ni umati; nikiwaletea watu elfu sita hapa Clarkston polisi watafunga barabara. Lakini ndani ya uwanja ule elfu sita walionekana kama punje za mtama kwenye turubai. Wenye mali walitaka kujaza viti tangu mwaka wa kwanza, na wakaona hasara. CBS wakajitoa. Timu 17 za mwaka 1968 zikabaki tano mwaka 1969: Atlanta, Kansas City, Dallas, Baltimore na St. Louis. Timu kumi na mbili zimekufa kwa mpigo mmoja, wachezaji mamia wako mitaani, wengine hawana hata nauli ya kwao.

Mimi nikiitazama historia hii, nadhani kosa lilikuwa kwenye kipimo. Mpira ulipimwa kwa viti vya uwanja uliojengewa mchezo mwingine. Kazi iliyokuwa ikizaa matunda haikuonekana kwenye tiketi: wachezaji walikuwa wakienda mashuleni na viwanja vya mitaa, wanawafundisha watoto kupiga pasi, kutuliza mpira, watoto ambao hawakuwahi kuuona mpira wa miguu. Mtoto uliyemfundisha akiwa na miaka minane anakuwa mtazamaji wako baada ya miaka ishirini. Mfanyabiashara wa 1969 hakuwa na subira ya miaka ishirini.

Woosnam alikwenda kuongoza ligi yenyewe, na ofisi yake ikawa chini ya jukwaa la uwanja ule ule wa Atlanta, kwenye chumba cha kubadilishia nguo cha timu ngeni. Yeye na Mwingereza Clive Toye, watu wawili, ndio walioishika roho ya mpira wa kulipwa Marekani isikate. Toye ndiye aliyekuja kumleta Pelé New York mwaka 1975. Watu wanakumbuka Pelé na fahari ya New York. Chumba kile cha chini cha Atlanta hawakikumbuki. Mwaka 1969 mambo yalikuwa magumu kiasi kwamba kwa nusu ya kwanza ya msimu waliziazima tena klabu za Uingereza na Scotland. Walioivaa jezi ya Atlanta Chiefs walikuwa Aston Villa. Na mwaka huo huo Kapengwe na Mwila wakavuka bahari wakajiunga na Villa. Mechi walizocheza kule zinahesabika kwa vidole vya mkono mmoja, lakini walifika, Wazambia, mwaka 1969. Mwila baadaye alikuja kuifundisha timu ya taifa ya Zambia.

Chiefs wakaendelea kukokota. Mwaka 1971 walifika fainali tena, Dallas wakawashinda. Braves wakachoka, wakaiuza timu kwa watu wa mpira wa kikapu, wenye Atlanta Hawks. Hao wakaibadilisha jina, msimu wa 1973 ikaitwa Apollos, ikahamishiwa uwanja wa chuo cha Georgia Tech, na msimu ulipokwisha ikafungwa. Mwaka 1979 jina la Chiefs lilifufuliwa na tajiri wa televisheni Ted Turner na Dick Cecil, wakaihamishia hapa timu iliyokuwa Colorado. Ndani yake alikuwemo Jomo Sono wa Soweto. Ndugu zangu Wakenya, jina hilo la Jomo alipewa kwa heshima ya Mzee Kenyatta, maana aliyempa aliona kwake dalili za uongozi. Mwaka 1981 nayo ikafa.

Sasa turudi kwa Kaizer, maana jezi ya kijana wetu inatoka kwake.

Kaizer alirudi nyumbani akakuta Orlando Pirates, klabu iliyomlea, imegawanyika. Wachezaji wenzake kadhaa wamesimamishwa, pamoja na Ewert Nene aliyekuwa kiongozi. Alijaribu kupatanisha, ikashindikana. Basi wakaanza kucheza mechi za kirafiki kwa jina la Kaizer XI, kisha tarehe 7 Januari 1970, Phefeni, Soweto, wakaunda klabu. Jina: la kwanza lake mwenyewe, la pili la timu aliyoichezea ng'ambo. Kaizer Chiefs. Na nembo ile ile ya kichwa cha manyoya. Wapenzi wao wakalitafsiri kwa Kizulu, Amakhosi, na vidole viwili vya amani vya vijana wa Marekani wa enzi ile vikawa salamu yao: upendo na amani. Ndani ya Soweto ya ubaguzi, salamu hiyo ilibeba uzito wake. Nene hakuishi kuyaona matunda. Mwaka 1976 alichomwa kisu akafa, akiwa amekwenda KwaThema kumsajili kijana aitwaye Nelson Dladla.

Atlanta ilikuwa na uwanja wa mamilioni, na klabu yake ikafa. Soweto haikuwa hata na umeme kwenye nyumba nyingi, na klabu yake ikaishi. Kaizer Chiefs imekuwa klabu yenye mashabiki wengi kuliko zote Afrika Kusini. Ilizaa Ace Ntsoelengoe, aliyekuja kucheza Marekani msimu baada ya msimu, hadi jina lake likaingizwa kwenye jumba la heshima la soka la nchi hii mwaka 2003. Ilimlea Lucas Radebe, nahodha wa Leeds, na vijana wa Leeds wakaipa bendi yao ya muziki jina la klabu hiyo kwa sababu yake. Jina limetoka Atlanta likaenda Soweto, likafika Leeds.

Na limefika Dar es Salaam. Wabongo mlioko hapa, hili mnalijua vizuri, linauma bado. Robo fainali ya Ligi ya Mabingwa Afrika, Mei 2021. Mnyama, yaani Simba yetu, amekwenda Johannesburg kwa Kaizer Chiefs, akapigwa 4-0. Tukasema basi. Wiki moja baadaye, kwa Mkapa, Bocco anafunga, Bocco anafunga tena, na dakika za mwisho Clatous Chama anaweka la tatu. 3-0, na bao moja limekosekana, bao moja tu! Wengi wetu tuliitazama mechi ile kwenye simu, mchana wa hapa, kwenye maegesho ya kazini. Lakini siku ile mimi nilimtazama Chama kwa jicho jingine. Mzambia anafunga dhidi ya nembo ambayo Wazambia wenzake, Kapengwe na Mwikuta, waliivaa kifuani mwaka 1967, hapa Atlanta.

Uwanja wenyewe haupo. Ulilipuliwa mwaka 1997 ukawa maegesho ya magari. Nilikwenda miaka kadhaa iliyopita, siku ya Jumapili baada ya kanisa. Wamehifadhi kipande cha ukuta mahali ulipoangukia mpira wa Hank Aaron, siku alipovunja rekodi ya besiboli mwaka 1974. Ni sawa kabisa wakihifadhi. Aaron alikuwa Mtu Mweusi aliyetumiwa barua za kumtishia kuuawa kwa sababu ya rekodi ile. Nilisimama hapo, nikazunguka, nikahesabu hatua, nikijaribu kukadiria goli lilikuwa upande gani Kaizer alipofunga la tatu. Ni lami tu, na mistari myeupe ya kuegeshea magari. Sikuona neno lolote la Chiefs.

Mwaka 2018 Atlanta United walichukua ubingwa wa Marekani mbele ya watu zaidi ya 73,000, miaka hamsini kamili baada ya wale wa kwanza. Mji huu huu ulioambiwa hauna watu wa mpira. Na ulipochaguliwa kuwa mwenyeji wa Kombe la Dunia la 2026, ulipewa mpaka nusu fainali. Nafurahi sana. Lakini ninapowaona vijana wetu wamevaa jezi ya United, nataka wajue kuwa mji huu haukuanza mpira na waliotoka Argentina na Venezuela mwaka 2017. Watu wa kwao, wenye majina ya Kibantu yanayotamkika bila kujikunja ulimi, Mwila, Kapengwe, Mwikuta, Motaung, walikuwa hapa kabla.

Ombi langu kwa wazazi ni moja. Tuombe, sote kwa sahihi zetu, mji uweke kibao pale kwenye maegesho, karibu na ukuta wa Aaron. Kibao kidogo tu, chenye mwaka na majina ya kikosi. Barua nimeiandika, iko kwa katibu; asiyejua kusoma Kiingereza atasomewa kwa Kiswahili kabla hajatia sahihi.

Na wewe kijana mwenye jezi, njoo mbele. Usione aibu, njoo. Hii ni picha ya kikosi cha 1968, nimeichapisha mwenyewe. Majina yako nyuma, nimeyaandika kwa kalamu. Mtafute Kaizer, ukimpata utuonyeshe.